Sehemu Nyeupe za Kano

Wakati wa zile mvua kubwa za mwisho wa miaka ya tisini, usingizi wangu uliharibiwa na neno moja tu: huenda. Neno hilo lilikuwa kwenye kitabu cha maelezo kilichokuja pamoja na picha za rada za satelaiti. Kitabu kilisema kwamba kwenye picha ya rada maji yaliyotulia huonekana meusi, na nchi kavu huonekana ya kijivu au nyeupe. Hilo kila mtu ofisini alikuwa ameshalishika. Lakini aya iliyofuata ilisema kwamba mimea mirefu iliyosimama ndani ya maji huenda ikaonekana nyeupe kuliko hata nchi kavu.

Tulikuwa tumechora ramani ya mafuriko ya tambarare ya Kano, karibu na Kisumu, kutokana na picha hiyo. Sehemu nyeusi tulizipaka buluu, yaani maji. Sehemu nyeupe tulizipaka kahawia, yaani pakavu. Kamati ya wilaya, iliyoongozwa na D.O., yaani afisa wa wilaya, ilikuwa inaingojea ramani ili iamue ni vijiji gani vipelekewe unga, mahema na mbegu. Mimi nilikuwa nimelala kitandani Kaloleni, nikijiuliza kama kuna watu wamesimama ndani ya maji mahali ambapo nimepapaka kahawia kwa mkono wangu mwenyewe.

Nimestaafu hivi karibuni, na vijana niliowaacha ofisini wameniomba niandike kidogo kuhusu kazi ilivyokuwa. Vyeo na mishahara sitavitaja, maana vilikuwa vichache na vyote vilichelewa. Nitaeleza jinsi nilivyofika kwenye neno hilo, na jinsi nilivyoachana nalo.

Nilifika Kisumu mwishoni mwa miaka ya themanini, nikitoka chuo kikuu moja kwa moja. Kwetu ni Murang'a. Mjomba wangu alikuwa na duka la vifaa vya ujenzi mjini Kisumu, na ndiye aliyenitafutia chumba kwa Mama Akelo, mjane aliyekaa kwenye nyumba za zamani za baraza la mji pale Kaloleni. Mama Akelo aliniangalia siku ya kwanza, akauliza kama ninakula samaki. Nikasema nitajaribu. Akasema, "Hapa hakuna kujaribu, nyar Murang'a. Utakula." Tangu siku hiyo jina langu Muthoni halikutumika nyumbani kwake. Nilikuwa nyar Murang'a, binti wa Murang'a, na samaki nilikula.

Siku ya kwanza kazini nilifika mapema mno, nikaona aibu ya kuonekana nimefika mapema mno, nikazunguka jengo mpaka nikachelewa. Mkuu wa ofisi yetu ya ramani alikuwa Bwana Odera, mzee mrefu aliyevaa sweta ya sufu kwenye joto la Kisumu bila kutoa maelezo. Hakuniuliza kwa nini nimechelewa. Alinikalisha mbele ya stereoskopu, kile chombo cha lenzi mbili kinachomfanya mtu aone picha mbili za ndege kama kitu kimoja chenye vilima na mabonde. Akaweka picha mbili za Mto Nyando chini yake, akasema, "Angalia. Uniambie unaona nini."

Niliangalia. Nikaona mto unapita juu ya kilima. Nikafuta macho, nikaangalia tena. Mto ulikuwa umetulia juu kabisa ya kilima, ukiteremka kuelekea ziwani kama barabara iliyojengwa juu ya tuta. Nilifikiri mambo mengi kwa haraka. Nilifikiri kwamba pengine huku Nyanza mito iko hivyo, na kwamba nikiuliza nitaonekana sijui jiografia ya nchi yangu. Nikasema, "Naona mto, mzee."

"Uko wapi huo mto?"

"Uko kati."

Bwana Odera alizichukua zile picha, akahamisha ya kushoto kulia na ya kulia kushoto, akanirudishia. Mto ukashuka ukakaa bondeni mwake.

"Umeona ulikuwa juu ya kilima?"

"Ndiyo, mzee."

"Na hukusema."

"Nilidhani ni mimi."

"Kila mtu hudhani ni yeye," alisema. "Wote waliokuja hapa niliwageuzia picha. Mmoja tu ndiye aliyesema mto uko juu. Huyo alihamishwa Nairobi, na hajawahi kuturudishia kikombe chetu." Kisha akaagiza chai.

Alinifundisha kazi kwa miaka kadhaa, na somo lake kubwa lilikuwa moja. Alinipa penseli za rangi, akanipa karatasi ya kuchorea ya plastiki, akaniambia, "Usipake rangi mahali hujakanyaga." Alimaanisha hivyo hasa. Kama picha ya ndege ilionyesha kiraka cha mpunga Ahero, ulitoka ukaenda Ahero, ukakanyaga mpunga, ukarudi na matope, ndipo ukapaka kijani. Nilipaka rangi polepole sana miaka hiyo. Viatu vyangu vilikwisha haraka.

Picha za rada zilikuja katikati ya miaka ya tisini. Zilikuja na kompyuta iliyohitaji feni yake peke yake. Zilikuja pia na kitabu cha maelezo kinene, ambacho wenzangu walikiweka chini ya kioo cha kompyuta ili shingo zisiume. Mimi nilikitoa pale nikakisoma. Sisemi hivyo kujisifu. Mimi ni mtu ninayesoma maandishi ya kwenye pakiti ya chumvi kabla ya kuiweka chumvi kwenye ugali, nikiogopa pengine kuna jambo wengine wote wanalijua. Nilikisoma kitabu kile mara nyingi, kisha nikawaandikia wenzangu muhtasari wa kurasa chache, wakaushukuru, wakauweka chini ya kioo.

Kwa nyinyi mnaopata picha hizi kwenye simu bila kumwomba mtu, nitasema tulivyoelewa wakati ule. Kamera hungoja jua. Rada haingoji. Inatuma mawimbi yake yenyewe na kusikiliza yanayorudi, usiku au mchana, kuna mawingu au hakuna. Kwa Kano hilo lilikuwa jambo kubwa, maana siku ambazo mafuriko yanakuja ndizo siku ambazo mawingu yamefunika kila kitu, na picha ya kawaida itakuonyesha pamba tupu. Maji yaliyotulia huyatupa mawimbi upande wa pili kama kioo kilichoinamishwa, kwa hiyo hakuna kinachorudi, na pale panabaki peusi. Upepo ukivuruga ziwa, ziwa linakuwa la kijivu. Milima ya Nandi inaonekana imelala kuelekea upande ilikotoka rada, kana kwamba imechoka. Na picha yote ina chengachenga, kama mtu amemwaga chumvi na pilipili manga. Usiamini nukta moja. Chukua nukta nyingi zilizo jirani, tafuta wastani wake, ndipo useme.

Makosa tulifanya. Mwaka wa kwanza ofisi yetu iligundua kisiwa kipya kwenye ghuba ya Kisumu. Kilikuwa cheupe, kikubwa, chenye kingo safi. Tuliandika taarifa. Picha iliyofuata ilionyesha kisiwa kimehamia upande wa Homa Bay. Ndipo mmoja wetu alipotoka nje akatembea mpaka ufukweni, mwendo wa kupendeza tu kutoka ofisini, akaona gugumaji limefunika maji kama uwanja wa mpira. Taarifa haikufutwa. Iliongezewa ukurasa unaosema kisiwa kimeondoka.

Baada ya hapo Bwana Odera alisisitiza ukaguzi wa ardhini hata kwa picha za rada. Lakini picha moja ya satelaiti ilifunika eneo ambalo miguu ya watu wachache haiwezi kulimaliza, kwa hiyo sheria yake ya zamani ililegea. Tukawa tunakanyaga pachache kwa niaba ya pengi. Tulikwenda na gari la ofisi, Land Rover la kijani, na dereva wetu Owuor, mtu mnene mwenye heshima ambaye alilisafisha gari lile kila asubuhi kwa kitambaa chake mwenyewe. Tulichagua vituo, tukafika, tukaangalia, tukaandika kama picha inakubaliana na ardhi.

Zikaja zile mvua kubwa. Nyando ulivunja kingo, mashamba ya mpunga ya Ahero yakaungana na ziwa, watu wa Kano wakahamia shuleni na makanisani. Wilaya ikaomba ramani. Picha ilipigwa, ikaletwa kutoka Nairobi kwa basi ndani ya bahasha ya kaki, tukaipaka rangi, tukaenda kuikagua. Kila sehemu nyeupe tuliyofika ilikuwa kavu. Tuliandika kwamba ramani inakubaliana na hali halisi. Bwana Odera alifurahi, kwa kipimo chake. Alivua sweta.

Jioni hiyo Mama Akelo aliniuliza, akiwa anageuza omena, dagaa wa ziwani, kwenye sufuria, "Hiyo ramani yenu inasema nini juu ya Kanyamlori?"

Kanyamlori ni kijiji kilicho ndani, mbali na barabara, na ndiko mama yake mzazi alikokaa. Nilikumbuka kiraka hicho vizuri. Kilikuwa cheupe sana. "Pakavu," nikasema.

"Mama yangu ako ndani ya maji."

"Una hakika, Mama?"

Aliniangalia. "Kuna mtu ametoka huko leo. Anasema maji imefika hapa." Akagusa goti kwa mwiko. "Ngojea. Ramani yenu imechorwa na nani?"

"Na mimi."

"Haya. Kula."

Sikulala. Asubuhi nilikifungua kitabu cha maelezo, na ndipo nikaanza kuishi na lile neno. Kanyamlori wanalima mtama, na mtama ulikuwa umerefuka. Wimbi la rada likigonga maji kisha likagonga shina la mtama, linaweza kurudi lilikotoka kwa nguvu kubwa, na pale patang'aa. Huenda. Kitabu hakikusema ni mtama wa urefu gani, wala maji ya kina gani, wala hakikuwa kimewahi kusikia habari za Kanyamlori. Kiliacha mlango wazi, kikaenda zake kwenye sura inayohusu barafu.

Na hata hilo sikuweza kuliwaza kwa utulivu. Je, ninaona maji Kanyamlori kwa sababu yapo, au kwa sababu mama wa mwenye nyumba wangu yuko huko, na mwenye nyumba wangu ananipikia? Nikipaka buluu, nimefuata sayansi au omena? Na vituo vyetu vyote vya ukaguzi vilikuwa vikavu, bila kasoro. Ushahidi ulikuwa upande wa kahawia. Upande wa buluu kulikuwa na mtu mmoja aliyegusa goti kwa mwiko.

Siku chache kabla ya kamati kukutana, tulipata pancha tukirudi kutoka upande wa kaskazini wa mji, tukasimama Obunga kwa fundi wa matairi. Mvua ilikuwa imepumzika. Fundi alimtania Owuor kwamba gari lake ni safi mno kwa mtu anayesema anafanya kazi ya mafuriko.

"Hii gari haijawahi kukwama," Owuor alisema. "Miaka yote hiyo. Uliza madam."

"Kweli haijakwama," nikasema.

"Basi hamjaenda kwa mafuriko," fundi akasema. "Mmeenda kwa barabara."

"Mimi ni dereva, bwana. Si mvuvi. Nikiona maji mbele, nageuza. Hata kitabu ya gari inasema hivyo."

Walicheka wote wawili. Mimi nilikuwa nimekaa kwenye tairi kuukuu, nikashindwa kucheka, maana nilikuwa nimeanza kuvikumbuka vituo vyetu kimoja kimoja. Chini ya daraja la Ahero hatukufika, kwa sababu maji yalikuwa mbele na Owuor aligeuza, tukachagua kituo kingine. Njia ya kuelekea ufukweni hatukuingia, tukachagua kingine. Kanyamlori hatukuijaribu kabisa, kwa sababu hakuna barabara. Kila mahali tulipofika palikuwa pakavu, kwa kuwa kama pasingekuwa pakavu tusingefika. Tulikuwa tumeikagua ramani kwa gari ambalo halipiti majini, halafu tukaandika kwamba hatukuona maji.

Nilimwuliza Owuor kama anaweza kunipeleka Kanyamlori.

"Huko gari haiendi, madam."

"Najua. Ndiyo maana."

Alinipeleka mpaka barabara ilipoishia, siku iliyofuata. Mama Akelo alikuja nasi, amebeba mfuko wa unga kichwani, na Owuor alimwekea gazeti kwenye kiti ili unga usichafue gari. Kutoka pale tulitembea kwenye matope, kisha kwenye maji, viatu mkononi. Nilibeba nakala ya picha ndani ya mfuko wa plastiki. Nilikuwa nimejiwekea sharti kwamba nisihesabu kitu chochote mpaka nihakikishe tuko ndani ya kile kiraka cheupe. Kwa hiyo maji yalipofika magotini nilisimama kuangalia picha, na yalipopita magoti nilisimama tena, mpaka Mama Akelo akageuka.

"Unatafuta nini huko kwa karatasi?"

"Naangalia kama tumefika."

"Nyar Murang'a. Maji imefika. Sisi bado."

Kisha tukaingia kwenye mtama. Ulikuwa umetupita kichwa, mashina yamesimama wima, yamepangana kwa karibu, na chini yake maji yalikuwa yametulia kabisa. Hapakuwa na upepo uliofika pale chini. Niliweza kuona uso wangu. Kutoka juu ungeona mtama tu, na kwa rada, kwa namna nilivyoielewa, hapo ndipo mahali pa kung'aa kuliko sehemu nyingine zote za Kano. Tulikuwa katikati ya weupe wenyewe, na nguo yangu ilikuwa imelowa mpaka kiunoni.

Mama yake Mama Akelo alikuwa amekaa juu ya kitanda kilichoinuliwa kwa matofali, kuku wawili wakiwa upande wa miguuni. Binti yake alimweleza mimi ni nani. Mama yule akanigeukia.

"Nyathina, mwanangu, umekuja kufanya nini?"

"Nimekuja kuona kama kuna maji, dana," nikasema, nikimwita bibi kwa Kiluo.

Akaangalia sakafu ya nyumba yake, ambako kibuyu kilikuwa kinaelea kikizunguka polepole. "Yako hapa," alisema.

"Ndiyo, dana."

"Umeyaona?"

"Nimeyaona."

"Basi enda uandike. Unga iko huko kwenu, na mnakaa mkiangalia karatasi."

Hakuyasema kwa hasira. Aliyasema kama mtu anayemkumbusha mwingine kufunga mlango.

Tukirudi nilimwomba Owuor tupite Ahero, kwenye soko, ambalo nalo lilikuwa jeupe sana kwenye picha. Soko lilikuwa kavu. Weupe wake ulikuwa wa mapaa ya mabati, ambayo hurudisha mawimbi kwa ukarimu ule ule. Hapo hofu yangu ilibadilika sura. Kama kila weupe ungekuwa maji, kazi ingekuwa rahisi, ningepaka buluu kila mahali. Lakini weupe mmoja ulikuwa bati na mwingine ulikuwa maji chini ya mtama, na picha haikuvitofautisha. Vilibaki viraka vingine vyeupe vingi ambavyo hakuna mtu wa ofisi aliyevikanyaga, na kamati ilikuwa inakutana kesho yake. Nikiviacha kahawia, walio ndani ya maji watakosa unga. Nikivipaka buluu vyote, unga utagawanywa mpaka kwa walio pakavu, na wa Kanyamlori watapata kikombe. Na safari nyingine wilaya haitatuamini. Niliyawaza hayo njia nzima. Owuor alinisikia nikiyawaza, maana nilikuwa nasema kwa sauti.

"Madam," alisema, "kwani lazima upake?"

"Ramani haiwezi kuwa na mashimo."

"Sawa," alisema, akarudi kwenye barabara yake.

Alikuwa anataka tu ninyamaze. Lakini nililibeba swali lile mpaka ofisini, nikaliweka mezani pamoja na ramani.

Bwana Odera alinikuta nikikwaruza rangi ya kahawia kwa wembe. Ndivyo tulivyofuta wakati ule. Ulikwaruza polepole, ukipuliza unga wa rangi, mpaka karatasi ibaki tupu. Kanyamlori nilikuwa nimeshaipaka buluu. Sasa nilikuwa naondoa kahawia kwenye kila sehemu nyeupe ambayo hatukufika kwa miguu wala kwa gari.

"Unafanya nini?" aliuliza.

Nilimweleza kuhusu mtama, mabati, na vituo vyetu vilivyokuwa vikavu kwa sababu ya barabara. Nilieleza kwa urefu kuliko ilivyohitajika. Alisikiliza akiwa amesimama, mikono ndani ya sweta.

"Tumeshaandika kwamba ramani imekaguliwa," alisema.

"Imekaguliwa barabarani, mzee."

"Kamati haitaki ramani yenye mashimo, Muthoni. D.O. atauliza hayo mashimo ni nini."

"Nimeandika pembeni." Nikamwonyesha. Kwenye kisanduku cha ufafanuzi, chini ya buluu na kahawia, nilikuwa nimechora mraba mtupu, na mbele yake nimeandika neno moja: Hatujafika.

Alilisoma kwa muda mrefu kwa neno fupi kama hilo. "Mimi siwezi kuweka jina langu kwenye kitu kama hiki," alisema. "Miaka yangu yote sijapeleka ramani isiyokwisha."

"Ni wewe uliyesema nisipake mahali sijakanyaga."

"Nilisema hivyo wakati wa picha za ndege."

"Ndiyo, mzee. Na siku ya kwanza uliniambia nikiona mto juu ya kilima niseme. Sasa nauona."

Nilipomaliza kusema hivyo nilitaka kuomba radhi, kisha nikafikiria kama kuomba radhi kutapunguza maana ya nilichosema, na nilipokuwa bado nafikiria, yeye alikuwa ameshaondoka kwenda mezani kwake. Nilisikia droo ikifunguliwa. Alirudi na wembe mpya, bado uko kwenye karatasi yake.

"Huo ni butu," alisema. "Utatoboa ramani." Akaangalia mahali palipoandikwa jina la mkaguzi. "Jina uandike lako."

Nikaandika langu.

Kesho yake niliibandika ramani kwenye ukuta wa ofisi ya wilaya. D.O. aliiangalia, machifu wakaiangalia, na jambo la kwanza aliloliona kila mmoja lilikuwa zile sehemu tupu.

"Hapa ni nini?" D.O. aliuliza. "Rangi iliisha?"

"Hatujafika, mzee."

"Mnakaa na satelaiti huko, na hamjafika?"

"Satelaiti imefika. Haiwezi kutofautisha bati na maji chini ya mtama. Mahali tulipokanyaga tumepaka. Hapa Kanyamlori nimekanyaga mwenyewe, kuna maji mpaka ndani ya nyumba. Hapa kwingine sijui."

D.O. aligeuka kwa Bwana Odera, aliyekuwa amekaa nyuma. "Bwana Odera, hii ndiyo kazi?"

"Ndiyo kazi," alisema Bwana Odera.

D.O. aliguna. Alimwambia karani aiweke Kanyamlori kwenye mgao wa unga wa siku hiyo hiyo. Kisha akaligonga lile eneo tupu kwa kalamu. "Na hizi zingine? Nani atafika?"

Chumba kilikuwa na watu wengi waliokuwa wakiangalia meza. Nilikuwa nimeshalifikiria jibu hilo kuanzia Obunga, pande zake zote, na safari hii sikulifikiria tena.

"Mimi," nikasema. "Nahitaji boti."

Tulipewa boti. Asubuhi iliyofuata lori la unga liliondoka kuelekea barabara ya Kanyamlori, Mama Akelo akiwa amekaa mbele, akimwonyesha dereva njia. Sisi tulisukuma boti majini chini ya daraja la Ahero, pale pale Owuor alipogeuza gari mara ya kwanza. Niliingia na picha ndani ya mfuko wa plastiki na penseli za rangi mfukoni. Owuor alilifunga Land Rover, akajaribu mlango kuhakikisha, akavua viatu akaviweka juu ya boneti. Kisha akapanda, akakaa nyuma, akanikumbusha kwamba yeye si mvuvi, akalichukua kopo la kutolea maji botini.